Hiyo DLL unayotaka kupakua mtandaoni, ngoja kwanza

Mteja amekaa kwenye benchi anangoja bango la hafla ya kesho. Unabonyeza programu yako ya dizaini na badala ya kufunguka inakutupia kisanduku kidogo chenye alama nyekundu: haiwezi kuanza kwa sababu MSVCP140.dll haipo kwenye kompyuta hii. Jana ilikuwa fiti. Hakuna mtu anakubali kwamba amefuta kitu. Sasa?

Sasa karibu kila mtu hufanya kitu kimoja. Anaandika hilo jina kwenye Google, anaingia tovuti ya kwanza yenye kitufe kikubwa cha kijani, anapakua, anabandika faili ndani ya System32, anajaribu tena. Mara nyingi inakataa kwa ujumbe mwingine. Mara chache inakubali, na hapo ndipo mambo huharibika zaidi, kwa sababu ikishakubali hutawahi kuuliza tena hiyo faili ilitengenezwa na nani.

Mimi sina digrii ya kompyuta, tuelewane mapema. Chuo niliachana nacho kabla ya kumaliza. Haya nimeyaokota kwa kukaa na mafundi na kusoma maelezo ya Microsoft usiku, saa zile bando ni rahisi. Lakini nimeona vijana wengi wa dizaini wakipoteza kazi ya miaka kwa sababu ya faili ya kilobaiti mia chache, na sijaona mtu akiwaeleza kwa lugha wanayoongea.

SUFURIA ZA CHAMA

Chukua kile chama cha akina mama mtaani kwenu. Kina hema, viti mia moja na sufuria tatu kubwa. Kukiwa na harusi zinaenda, kukiwa na matanga zinaenda. Hakuna nyumba inayonunua sufuria ya kupikia watu mia mbili ili ikae chini ya kitanda mwaka mzima.

Faili ya DLL ndiyo hiyo sufuria. Ni maktaba ya pamoja. Ndani yake kuna kazi ambazo programu nyingi huzihitaji: kuchora mstari, kufungua picha ya JPEG, kupanga herufi, kufanya hesabu za rangi. Badala ya kila programu kuandikiwa kazi hizo upya, zinawekwa mahali pamoja, na programu ikiamka inaazima. Ndiyo maana hiyo MSVCP140 si ya Photoshop wala ya CorelDRAW. Ni ya chama. Ikikosekana, programu tano tofauti zinaweza kulala siku moja, na wewe ukadhani kompyuta imerogwa.

Windows imefanya kazi hivi tangu toleo la kwanza kabisa, Novemba 1985. Toleo hilo lilikubali kufanya kazi kwenye mashine yenye memori ya kilobaiti 256. Laptopu ya GB 8 uliyonayo ina memori zaidi ya mara elfu 32 ya hiyo. Kwa udogo ule, kuazimana hakukuwa ujanja, kulikuwa lazima. Na kati ya maktaba kuu za Windows ile, moja ilikuwa ya kuchora, ikiitwa GDI. Mjukuu wake, gdi32.dll, bado anaishi kwenye mashine yako hadi leo.

Shida ya vitu vya chama unaijua. Mtu anaazima sufuria kubwa, anarudisha ndogo yenye mpini uliolegea, na anayefuata ndiye anaumia. Miaka ya tisini hivyo ndivyo ilikuwa. Ukiweka programu mpya ya skana, ilikuwa huru kuandika DLL yake juu ya ile iliyokuwepo. Kesho yake programu ya kuchora inagoma. Unarudisha faili ya zamani, sasa skana ndiyo inagoma. Hali hiyo ilipewa jina rasmi kabisa na mafundi wa Marekani: jehanamu ya DLL. Windows 2000 ikaanza kulinda faili za mfumo zisiandikwe ovyo, kisha Windows XP ya 2001 ikaleta folda inayoitwa WinSxS, ambamo matoleo tofauti ya maktaba moja hukaa kando kwa kando bila kupigana. Kama umewahi kushangaa mbona folda hiyo ni kubwa hivyo, ni hiyo sababu. Usiifute kutafuta nafasi ya filamu. Kuna wasee wameifuta.

Watengenezaji wengi wa programu walichoka na ugomvi wa chama wakaamua kila mtu abebe sufuria yake. Ukiwa na GIMP na Inkscape kwenye Windows, kila moja imekuja na nakala yake ya maktaba ya GTK, ndiyo inayochora vitufe na menyu. Kwenye Linux hali ni tofauti: hapo maktaba zinaitwa faili za .so, na mara nyingi GIMP na Inkscape zinaazima GTK ileile kutoka kwa mfumo pale zinapotaka toleo moja. Kwenye kompyuta za Apple mwisho wake ni .dylib. Jina tofauti, mambo ni yaleyale.

Hapa kuna kachekesho. GTK ilizaliwa kwa ajili ya GIMP, kazi ya wanafunzi wawili wa Chuo Kikuu cha California kule Berkeley, Spencer Kimball na Peter Mattis, katikati ya miaka ya tisini. Ilikua ikawa maktaba ya nusu ya dunia ya Linux. Toleo la tatu la GTK lilitoka 2011. GIMP yenyewe, mama mzazi, ilihamia toleo hilo Machi 2025 ilipotoa GIMP 3.0. Miaka kumi na minne. Kwa hivyo mteja akikuambia umechelewa na logo siku mbili, una mfano wa kumpa.

JINA LINAKUAMBIA DUKA

Turudi kwa ile alama nyekundu. Watu huona jina la DLL kama makelele tu, kumbe ndilo linakuambia uende wapi. Likianza na MSVCP, MSVCR au VCRUNTIME, hiyo ni maktaba ya Visual C++ ya Microsoft, na nambari iliyo mwishoni ni toleo. 100 ni la 2010, 120 ni la 2013, na 140 ni familia nzima kuanzia 2015. Dawa yake ni kifurushi kinachoitwa Visual C++ Redistributable, kinatoka tovuti ya Microsoft yenyewe, ni bure, na ni kidogo kuliko video moja ya wimbo. Kinaleta maktaba zote za familia hiyo kwa pamoja na kuziweka panapofaa. Faili moja ya kuokoteza haifanyi hivyo, kwa sababu DLL moja huwa inaazima kwa nyingine, nayo kwa nyingine tena. Unaleta mfuniko, kumbe sufuria yenyewe pia haipo.

Sakinisha vifurushi vyote viwili, cha biti 32 na cha biti 64. Hii inawachanganya hata mafundi wa Moi Avenue wenye miaka kumi kazini. Kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo ina faili za biti 64, na ile ya SysWOW64 ndiyo ina za biti 32. Ndiyo, umesoma vizuri. Majina yamepindana, na Microsoft waliyaacha hivyo ili programu za zamani zilizozoea neno System32 zisivunjike. Sasa kijana anapakua DLL ya biti 32, anaitupa System32 kwa sababu jina linafanana, na programu inamjibu kwa nambari 0xc000007b. Ukiona nambari hiyo, kwa kawaida maana yake ni kwamba biti 32 na biti 64 zimekutanishwa kwa nguvu.

Jina likiwa na opengl ndani yake, au ujumbe ukitaja nvoglv64.dll, hapo huna shida ya faili bali ya draiva ya kadi ya picha. Hii inahitaji maelezo zaidi kwa sababu ndiyo inayokula pesa za watu.

Faili ya opengl32.dll inakuja na Windows yenyewe. Lakini OpenGL iliyo ndani yake ni ya toleo 1.1, ya miaka ya tisini, na kazi yake kubwa siku hizi ni kuwa mlango: inapokea maombi na kuyapitisha kwa maktaba ya kweli, ambayo huletwa na draiva ya NVIDIA, AMD au Intel. Kama draiva haipo, mlango unafunguka kwenye chumba kitupu. Unaweza kupakua opengl32 mia moja, chumba kitabaki kitupu. Nenda tovuti ya aliyetengeneza kadi yako, au ya aliyetengeneza laptopu, chukua draiva.

Na kuna wakati hata draiva haitakusaidia. Laptopu nyingi za mtumba zinazouzwa mjini, zile za ofisi kutoka Ulaya, bado zina chipu za Intel za kizazi cha tatu zenye HD Graphics 4000. Kwenye Windows chipu hiyo inaishia OpenGL 4.0. Blender 4.0, iliyotoka 2023, inataka OpenGL 4.3. Hakuna DLL ya kupakua, hakuna fundi wa kulipa mia tano. Unatumia Blender ya zamani, zile za 3 zilizoridhika na OpenGL 3.3, au unabadilisha mashine. Nikisikia mtu ameuziwa "faili ya kurekebisha Blender" kwa flashi, naumia kwa niaba yake.

Majina mengine yote ya ajabu ajabu, yale hujawahi kuona popote, kwa kawaida ni ya programu yenyewe. Ondoa programu, irudishe. Na kama ni faili ya Windows iliyoharibika, fungua Command Prompt kama msimamizi, andika sfc /scannow, kisha kaa unywe chai. Mfumo unajikagua na kurudisha faili zake halisi.

PICHA INAYOUMA

Mpaka hapa unaweza kusema hizi ni shida za kawaida tu. Ila maktaba ya pamoja ina upande mwingine. Sufuria moja ikiwa na sumu, kila aliyeiazima amekula.

Tarehe 14 Septemba 2004 Microsoft walitoa onyo namba MS04-028. Maktaba yao ya picha, gdiplus.dll, ilikuwa na kosa katika kusoma JPEG. Mtu akitengeneza picha kwa njia fulani, kuifungua tu kulitosha kumpa nafasi ya kuendesha amri zake kwenye kompyuta yako. Picha, si programu. Na kwa sababu kila mtu alikuwa amebeba sufuria yake, nakala za gdiplus.dll zilikuwa zimetawanyika kwenye Windows XP, kwenye Office, kwenye Visio, kwenye programu za watu wengine. Kurekebisha moja hakukugusa zingine. Ilibidi Microsoft watoe chombo cha kupita kwenye mashine kuzitafuta.

Ukidhani hayo ni ya kitambo, Septemba 2023 yalijirudia. Mara hii ilikuwa libwebp, maktaba ya Google ya kufungua picha za WebP. Kosa liliripotiwa na timu ya usalama ya Apple pamoja na Citizen Lab ya Chuo Kikuu cha Toronto, na lilikuwa tayari linatumika kushambulia watu. Chrome ikarekebishwa, Firefox ikafuata, Edge, LibreOffice, na msururu wa programu zilizojengwa kwa Electron, zote zikiwa na nakala ya maktaba moja tumboni. Kama wewe ni yule msee ambaye amezima masasisho ili kuokoa bando, nakuelewa, lakini programu zinazofungua picha za wateja ndizo za kusasisha kwanza. Kazi yako nzima ni kufungua picha za watu usiowajua.

Sasa weka hayo kando ya jambo ambalo magazeti huzunguka-zunguka bila kulitaja: vijana wengi wa dizaini hapa mjini wanatumia programu iliyovunjwa kufuli, ile tunaiita kreki. Sitajifanya sijui. Mwaka wa 2013 Adobe waliamua kwamba matoleo mapya yatakuwa ya kulipia kila mwezi, kwa dola, na mteja wako wa kadi za mazishi analipa mia tano kwa shilingi. Hesabu haikubali. Sheria ya Hakimiliki ya 2001 iko palepale, na nimeshaitaja, basi. Mimi nataka tuongee kuhusu kilicho ndani ya hiyo kreki.

Kreki nyingi ni DLL. Programu ikiamka huuliza maktaba fulani: huyu amelipa? Mvunjaji anatengeneza maktaba yenye jina lilelile, inayojibu ndiyo kila mara, na anakuambia uiweke kwenye folda ya programu. Inafaulu kwa sababu ya utaratibu wa Windows wenyewe. Kwa maktaba nyingi, programu hutafuta kwanza kwenye folda yake kabla ya kwenda System32. Inayopatikana kwanza ndiyo inaaminika, na haiulizwi kitambulisho. Ikishaingia, inafanya kazi kwa mamlaka yaleyale ya programu iliyoiita. Ukiwa umefungua programu kama msimamizi, basi hiyo DLL nayo ni msimamizi. Inaweza kujibu "amelipa" na wakati huohuo kusoma paswadi zilizohifadhiwa kwenye brauza. Wewe unaona Photoshop imefunguka, unafurahi.

Maelezo ya kreki karibu yote yana sentensi moja: zima antivairasi kwanza. Wanasema ni kwa sababu antivairasi huogopa kreki bure. Wakati mwingine ni kweli, na hapo ndipo ujanja ulipo, maana huwezi kutofautisha ile ya kweli na ile ya uongo ukiwa umeshamfukuza askari getini.

Kirusi kimoja kilichoenea sana kwa njia hii kinaitwa STOP, wengine hukiita Djvu. Hakikuwa na haja ya kudukua benki. Kilikaa ndani ya kreki na programu za kutengeneza namba za leseni, kikasubiri watu wenyewe wakipeleke nyumbani. Kikiingia, kinafunga kila faili, kinaongeza herufi za ajabu mwisho wa jina, na kinaacha barua iitwayo _readme.txt: lipa dola 980, au 490 ukiwahi ndani ya saa 72. Mwaka wa 2019 kampuni ya Emsisoft ilitoa chombo cha bure cha kufungua aina 148 za kirusi hicho. Aina zilizotoka baadaye zilibadilisha namna ya kufunga, na kwa nyingi kati yake chombo hakiwezi kitu kama ufunguo ulitoka kwenye seva ya wezi.

Kuna dada mmoja anayefanya dizaini upande wa Eastlands, kibanda kidogo, mashine moja na printa. Alifungua asubuhi akakuta folda zake zote zimebadilika majina. Miaka mitatu ya kazi: logo za vinyozi, menyu za hoteli, programu za mazishi zenye picha ambazo familia zilimwachia kwa sababu hazikuwa na nakala nyingine. Hilo la mwisho ndilo lilimkosesha usingizi. Logo unaweza kuchora tena. Picha ya pekee ya babu wa mtu, aliyeiskani na kuirudishia familia karatasi iliyokuwa inachanika, utaichora vipi? Hakulipa, kwa sababu hakuwa nazo. Alianza upya na folda tupu, na wateja watatu hadi leo hawamsalimii.

Kwa hivyo kama una DLL unayoishuku, angalau ipitishe VirusTotal kabla ya kuiweka popote. Ni tovuti, unapandisha faili, inakaguliwa na antivairasi nyingi kwa pamoja. Kwa faili ya Microsoft, bonyeza kulia, ingia Properties, tafuta sehemu ya sahihi za kidijitali. MSVCP140 halisi ina sahihi ya Microsoft. Ile ya kitufe cha kijani inaweza kuwa halisi, lakini ikikosa sahihi, ifute. Na kazi za wateja ziwe na nakala kwenye diski ambayo haishindi imechomekwa kwenye mashine, maana kirusi kinafunga diski zote kinazoziona.

Wale mnaoniuliza njia ya kutoka kwenye kreki kabisa: ipo, lakini si laini kama mashabiki wa programu huria wanavyoiuza. GIMP na Krita kwa picha, Inkscape kwa logo, Scribus kwa kitabu au jarida linaloenda kwa mashine ya rangi nne. Photopea inafanya kazi ndani ya brauza na inafungua PSD bila kusakinisha chochote, ila inataka intaneti na memori ya kutosha.

Kikwazo kikubwa kwa Nairobi ni CorelDRAW. Maduka ya uchapishaji ya River Road na kandokando yake yamezoea faili za .cdr, na ukileta kitu kingine unaangaliwa kama mgeni. Inkscape inaweza kufungua .cdr kwa kuazima, tena, maktaba ya pamoja, libcdr, ileile inayotumiwa na LibreOffice. Iliandikwa na watu waliokaa chini kuchunguza faili za Corel bila kupewa maelezo rasmi. Maumbo na rangi za kawaida huja vizuri. Maandishi na vivuli vya kupamba hupotea au huhama, kwa hivyo usimwahidi mteja kabla ya kuangalia. Kwa upande wa kutuma, badilisha maandishi yawe maumbo kisha toa PDF. Duka likisema halipokei PDF, uliza tena kwa upole, umwambie fundi ajaribu kuifungua ndani ya Corel yake. Corel inafungua PDF. Wengi hawajawahi kujaribu.